Kumi Juu ya Arobaini

Haya nikutegee, nawe usikimbilie kujibu: nina mpanda ngazi wangu, haulizwi amefika wapi, huulizwa alianzia wapi. Umeshindwa? Nipe mji. Ni ongezeko la asilimia. Usicheke. Kuna binti wa darasa la saba aliyelikosa jibu hilo asubuhi moja, akalipwa viboko viwili vya kiganja.

Swali lilikuwa ubaoni: shamba lilitoa magunia arobaini, mwaka uliofuata likatoa hamsini. Mavuno yameongezeka kwa asilimia ngapi? Binti akatoa, akapata kumi. Ile kumi akaigawa kwa hamsini, akaandika ishirini.

"Umegawa kwa ngapi?" mwalimu akauliza.

"Hamsini, mwalimu."

"Mwaka wa kwanza hiyo hamsini ilikuwapo?"

"Haikuwapo, mwalimu."

"Sasa uliikopa wapi? Lete mkono."

Jibu lilikuwa ishirini na tano. Unagawa kwa ulikotoka, mwalimu akasema, na akamwandikisha maneno hayo mara kumi.

Saa nane mchana, kiganja bado kinawaka, binti alipita kwenye kiwanda cha kufulia anakofanya kazi mama yake, achukue ufunguo wa chumba. Humo wanawake tisa husimama kutwa mbele ya meza za pasi, mvuke usoni, wakinyoosha mashuka ya hospitali. Mashuka arobaini kwa zamu. Mama yake hulimaliza la arobaini kengele ikikaribia kulia, kisha huketi juu ya ndoo, mkono wa kulia ameupakata kwa wa kushoto kama mtu aliyeachiwa mtoto wa mwenzake.

Siku hiyo aliwakuta wamesimamisha pasi. Msimamizi alikuwa amebandika karatasi ukutani. Wanawake humwita Mhuri, maana huyo hata akipiga chafya hutafuta mahali pa kugonga. Karatasi ilisema kuanzia kesho ni mashuka hamsini badala ya arobaini, ongezeko dogo la asilimia ishirini. Malipo yale yale. Kila mtu atie sahihi leo kwamba amearifiwa. Asiyetia, kesho asije.

"Mama, hapa wamekosea."

"Chukua ufunguo uende."

"Wamegawa kwa hamsini. Mimi nimechapwa kwa kosa hili hili leo." Akafungua kiganja.

Mama mmoja mtu mzima wa meza ya kwanza, wote wanamwita Shangazi, akauvuta ule mkono karibu na macho yake. "Pole, mwanangu. Na huyu wa ukutani, nani wa kumchapa?"

Wakacheka, kicheko kifupi cha puani. Mhuri hakucheka.

"Nani kaingiza mtoto humu?"

"Kwa nini mmegawa kwa hamsini?" binti akamuuliza, mikono nyuma, kama yuko darasani.

"Ndiyo mnayofundishwa huko, kujibizana na wakubwa? Toka. Na wewe mama yake, mkanye kabla hajakuponza."

Binti akarudi nyuma hadi kizingitini. Hakwenda zaidi.

Mhuri akaibandua karatasi, akaiweka mezani, na Shangazi ndiye aliyetangulia kutia sahihi. "Maji ya shingo, wanangu," akasema bila kumtazama mtu. "Nina wajukuu watatu ndani." Wengine wakafuata. Nje ya geti, tangu alfajiri, wanawake sita walikuwa wameegemea ukuta, vitambulisho mkononi, wakisubiri mmoja wa humu ndani akatae.

Waliosaini walipofika wanane, Mhuri akamsukumia kalamu mama wa binti. "Unangoja upigiwe ngoma?"

Mama akaipokea kwa mkono wa kushoto. Wa kulia ulikuwa umekufa ganzi. "Mwanangu amekuuliza swali."

"Sijaajiriwa kujibu watoto."

"Basi nauliza mimi. Kwa nini hamsini?"

"Dada, unasaini au husaini?"

"Nikishajibiwa."

Mhuri akatazama geti. Akawatazama na wale wanane. Walikuwa wameshasaini, lakini hakuna aliyerudi kwenye pasi yake. Walimkodolea macho, na Shangazi amekunja mikono. Akajipangusa shingo kwa leso, akaivuta karatasi upande wake kama mtu anayeficha sahani.

"Kwa sababu ikizidi ishirini," akasema kwa sauti ya chini, "mkataba unatulazimisha tuwaulize ninyi kwanza kama mnakubali."