Mayai ya Shetani

Madam Catherine, mwalimu wa klabu ya mapishi, alipoteremka kwenda soko la Mwanga Jumamosi ile asubuhi, aliacha jikoni trei ya mayai yaliyokwisha chemshwa, ndoo ya maparachichi ya Buhigwe, na Happiness. Mayai na maparachichi hayakuwa na hatari yoyote.

Kesho yake ilikuwa siku ya wazazi. Shule ile ya bweni ya wasichana, iliyojishikiza kilimani upande wa Bangwe kama mbuzi anayetafuta jani la mwisho, ilikuwa imeamua kwamba safari hii wazazi hawatalishwa maandazi makavu. Klabu ya mapishi ingewaandalia mayai ya kujaza. Leo ni majaribio, na walimu wangeonja saa kumi. Mpishi mkuu alikuwa Mwanne wa kidato cha tatu, binti wa Ujiji, msichana asiye na maneno mengi, ambaye mama yake hupika kwenye maharusi na bibi yake huuza dawa za mitishamba. Happiness, wa kidato hichohicho, alikuwa msaidizi. Hakuna aliyemchagua. Alijichagua mwenyewe, kama kawaida yake, kwa sababu mahali penye chakula hapakosi watu, na penye watu hapakosi mtu wa kufanyiwa mzaha.

Mwanne alikata yai kwa urefu, akang'oa kiini kwa ncha ya kijiko, akaacha weupe wake ukiwa kikombe kitupu. Viini alivitupia bakulini pamoja na parachichi, akaponda kwa uma, akatia chumvi, pilipili manga na kitunguu kilichokatwa hadi kikawa kama vumbi. Uji mzito ukatokea, wa kijani kibichi, unaong'aa.

"Unafanana na kitu kinachotoka kwa mtoto mwenye homa," alisema Happiness.

"Onja kwanza, ndipo utukane."

Happiness akaonja. Akachota tena, jambo ambalo lilikuwa sifa kubwa kuliko hotuba.

"Sasa ndimu," alisema Mwanne. "Nenda kwa Matroni Agnesi, anazo. Parachichi lisipopata ndimu linageuka jeusi. Na Happy, tafadhali. Zifike."

Mwanne hakuwa mtu wa kuomba mara mbili, ila kazi hii ilikuwa na uzito wake. Alikuwa amekaa nyumbani mwaka mzima kabla ya kupata nafasi kwenye shule hii, na mama yake alimwambia wazi siku ya kumleta: ukirudishwa nyumbani, kwa kosa lolote, huko shule tumemalizana nako, utakwenda kukaa na shangazi yako Mwanga ujifunze cherehani. Happiness alilijua hilo. Bweni zima lililijua.

Matroni alimpa ndimu. Ila njiani alikutana na Frida wa bweni lao, ambaye alikuwa na chumvi kwenye karatasi, na ndimu na chumvi zinapokutana mikononi mwa wasichana wa bweni hakuna nguvu duniani ya kuzitenganisha. Walizinyonya hadi maganda, nyuma ya tangi la maji, wakikunja sura.

"Matroni anasema ndimu zimekwenda likizo," Happiness aliripoti jikoni, uso mkavu. Frida alikuwa nyuma yake, amefuata harufu. Alikula mayai mawili yaliyokwisha jazwa kabla Mwanne hajamtimua kwa mwiko.

Mwanne alitazama bakuli, akatazama dirishani. "Basi tuyafunike tu," alisema. "Labda yatavumilia."

*

Saa ya chakula cha mchana, Happiness alipanda juu ya benchi la bwalo. Yeye ndiye aliyekuwa msoma matangazo, na kazi hiyo aliifanya kwa sauti ya askofu aliye msibani. Kwa sauti hiyo aliwahi kutangaza kifo cha ndala yake, na wasichana wawili walilia.

"Wapendwa," alisema. Vijiko vikatulia. "Leo jikoni kwetu kuna mayai. Si mayai mliyoyazoea. Wazungu wenyewe walioyaanzisha wameyaita kwa jina la mwenye nayo. Yanaitwa mayai ya shetani."

Katika hilo hakusema uongo. Kwa Kiingereza ndivyo yanavyoitwa, kwa sababu tu yanatiwa pilipili, na Madam Catherine alikuwa amewaeleza klabu nzima huku akicheka. Klabu ilikuwa na watu tisa. Bwalo lilikuwa na mia tatu.

"Kiini chake kimetolewa," aliendelea Happiness, akifumba macho. "Kilichowekwa mahali pake ni cha kijani, na msiniulize kimetoka wapi. Atakayekula ajue ameitwa. Na aliyeitwa, ataitika."

Kidato cha nne walipiga meza kwa kucheka. Frida aliinuka na sahani yake. "Na mimi niliyekwisha kula?"

Happiness alifumbua jicho moja. "Wewe, dada yangu, umeshaitwa. Tunasubiri tu uitike."

Bwalo likaangua kicheko tena. Frida naye alicheka. Kisha akaketi, akatazama wali wake, akausukuma mbali. Na kule mwisho, kwenye meza za kidato cha kwanza, kicheko hakikufika kabisa. Watoto wale walikuwa wamekaa wima, vijiko hewani, wakitazama mlango wa jikoni.

Happiness aliliona hilo. Aliliona likampendeza.

*

Saa tisa upepo uligeuka. Milima ya Kongo, ambayo siku zote husimama ng'ambo ya ziwa kama ukuta wa jirani, haikuonekana tena. Mahali pake palikuwa na wingu la rangi ya risasi, likija bila haraka. Maji ya Tanganyika yalikuwa yameacha kung'aa. Kunguru wa shuleni, wanaopiga kelele kutwa nzima, walikuwa wamekaa juu ya paa la bwalo wakiwa wamenyamaza.

Frida alikuwa kwenye foleni ya maji, na tumboni hakuwa na kitu tangu yale mayai mawili. Ndoo yake ilianguka kwanza. Halafu yeye.

"Imana yanje!" alilia kwa Kiha, akimwita Mungu wake, vidole vikichimba udongo. Kisha kwa sauti ambayo hakuna aliyewahi kuisikia kwake: "Naitika! Naitika, mniache!"

Msichana wa kidato cha kwanza aliyekuwa nyuma yake alipiga ukelele mmoja mrefu, akaanguka. Mwingine akamfuata, papo hapo. Hao wawili hawakuwa wamekula yai. Hata kulinusa hawakulinusa. Ukelele ukapita bweni hadi bweni, milango ikabamizwa, na uwanja ukajaa miguu inayokimbia bila kujua inakimbilia wapi.

Happiness alisimama pembeni ya ukuta. Kwa ada yake angetania; safari hii alijibanza hapo akihesabu walioanguka.

Matroni Agnesi alitoka jikoni na sinia mikononi, limefunikwa kitambaa cheupe. Alikuwa mama mtu mzima, mwenye huruma, aliyewauguza malaria wasichana hawa wote. Aliweka sinia juu ya ngazi za bwalo, akavuta kitambaa.

Kijani kilikuwa kimekwisha. Kila kikombe cheupe kilikuwa kimejaa kitu cheusi, kilichokunjamana juu kama ngozi ya mtu aliyeungua.

Uwanja wote ulivuta pumzi kwa pamoja.

"Asubuhi yalikuwa kijani," alisema mtu. "Niliyaona mimi, kwa macho yangu."

"Nani aliyeyatengeneza?"

"Mwanne."

"Mwanne yupi?"

"Huyu wa Ujiji. Ambaye bibi yake anauza dawa."

Mwanne alikuwa amesimama mlangoni mwa jikoni, aproni kiunoni. Duara lilimzunguka bila mtu yeyote kuamrisha. Wale waliokuwa na fagio walikuwa bado wamezishika, na aliyekuwa anaponda kisamvu alikuja na mchi wake. Huenda walisahau tu kuviweka chini. Ila Happiness aliona namna vidole vilivyobana.

"Ni parachichi," alisema Mwanne. "Likikosa ndimu linakuwa jeusi. Ni hivyo tu."

"Ndimu nilizitoa mimi mwenyewe," alisema Matroni Agnesi, na sauti yake ilikuwa ya mtu anayesikitika kwelikweli. "Kwa hiyo ndimu zilikuwemo, mwanangu. Na bado yamekuwa hivi." Alitoa simu mfukoni. "Nampigia mama yako aje akuchukue. Ni kwa usalama wako."

"Matroni, naomba. Usimwite mama." Mwanne hakuwa analia. "Nitakaa jikoni, mnifungie, lakini mama msimwite."

Hapo ndipo Happiness alipopenya duara.

"Mimi ndiye," alisema. "Ndimu nilizila. Mimi na Frida, kwa chumvi, nyuma ya tangi. Na lile jina ni la Kiingereza tu, ni mambo ya pilipili, muulizeni Madam Catherine akirudi sokoni. Nilikuwa natania!"

Wakamtazama. Huyu ndiye aliyetangaza kifo cha ndala. Huyu ndiye aliyewahi kuwaamsha kidato cha pili saa tisa usiku waende kumpokea waziri. Hakuna hata uso mmoja uliolegea.

"Usimtetee mwenzako," alisema matroni kwa upole.

"Si kumtetea! Muulizeni Frida!"

Frida alikuwa amelazwa kwenye kanga, macho yamegeuka weupe.

"Basi tazameni." Happiness alichukua yai, jeusi vile vile, akalitia mdomoni zima, akatafuna mbele ya watu mia tatu. Akachukua la pili. Yalikuwa matamu. Hilo ndilo lililomtisha, kwamba yalikuwa bado matamu. Akameza, akanyoosha mikono. "Mnaona? Nimeanguka? Ni mayai!"

Wingu lilikuwa limefika juu ya ukuta wa shule.

"Halijamdhuru," alisema mmoja wa dada wakuu, taratibu, kama anayefumbua hesabu. "Frida limemwangusha, huyu halijamfanya kitu. Kwa nini?"

"Kwa sababu ni wa kundi la Mwanne."

"Kwanza mnauliza nini?" mwingine alipaza sauti. "Mapepo huwa hayafichi. Muulizeni Frida ametumiwa na nani!"

Duara lote likageuka. Kila mmoja alilijua jambo hilo, kutoka shule aliyosoma mwanzo au kijiji alichotoka: aliyepandisha mapepo akitaja jina, jina hilo limekwisha. Hakuna mwalimu wa kulifuta, hakuna mzazi wa kulitetea. Walipiga magoti kumzunguka Frida. "Sema! Nani amekutuma? Nani?"

Midomo ya Frida ilichezacheza. "Mm," alisema. "Mm..."

"Mwanne?" walimsaidia.

Happiness alitazama. Ukweli alikuwa ameusema, wakaukataa. Ushahidi alikuwa ameula, wakaugeuza. Uwanjani hapo palikuwa na sauti moja tu inayoaminiwa, na haikuwa ya binadamu.

Akajitupa chini.

Alijitupa kwa ufundi wake wote. Alipiga kisogo mchangani, akakaza shingo, akaitafuta ile sauti ya askofu na kuishusha chini zaidi ya alipowahi kuishusha, hadi ikakwaruza.

"Mwacheni huyo!" alinguruma. "Mimi ndiye mkubwa wao!"

Wakaruka nyuma kama kuku. Hata Frida alinyamaza.

"Nani amekutuma?" aliuliza Matroni Agnesi, msalaba wa rozari mkononi.

"Happiness!"

"Happiness yupi?"

"Huyu huyu niliyemkalia!"

"Na Mwanne?"

"Mwanne namwogopa! Nilimtaka, nikamkosa! Mtoeni karibu yangu, ananichoma!"

Duara lilifunguka upande wa Mwanne. Waliokuwa wamemshikia mchi walirudi nyuma kwa heshima, na mmoja alimshika bega, kwa namna ya kujipendekeza. Matroni aliitazama simu yake. Akafuta namba aliyoanza kuibonyeza, akatafuta nyingine.

"Mzee Jeremia? Shikamoo, mzee. Ni shuleni kwa mtoto wako Happiness. Hapana, si salama. Njoo umchukue. Ndiyo, leo. Na vitu vyake vyote uvichukue, mzee, maana hapa hawezi kurudi."

Happiness alisikia, akiwa amefumba macho. Baba yake angetoka Katubuka kwa bodaboda. Alijua sura atakayokuja nayo. Sawa. Mchezo ulikuwa umekwisha, na ulikuwa umefanya kazi yake. Matone ya kwanza ya mvua yalianguka usoni pake.

Mtu alipiga magoti kando yake. Wengine wote walikuwa wamesogea mbali, kwa hiyo alijua ni nani. Alisikia harufu ya kitunguu mikononi mwake.

"Happy," Mwanne alinong'ona. "Asante. Wameniacha. Basi, inatosha, tulia sasa."

"Nimeshatulia," alisema Happiness, kwa sauti yake mwenyewe.

"Hujatulia."

Happiness alifumbua macho, akajitazama. Miguu yake miwili, iliyonyooka mbele yake ndani ya soksi nyeupe za shule, ilikuwa inatetemeka na kupiga mchanga, haraka, sawasawa, kama ya mtu anayekimbia. Aliiambia isimame. Mwanne aliishika kwa mikono miwili, akailalia kwa kifua chake chote.

"Acha, Happy. Umeshanitoa. Acha."

"Si mimi," alisema Happiness.