Marehemu Aliyesahihisha Wimbo

Twalibu alizaliwa Leicester, Uingereza, kwa wazazi wa Kitanzania, na kwa miaka ishirini na mbili alitangaza kipindi cha muziki wa zamani kwenye redio moja ndogo ya huko. Mkewe Ndeshi alipopata kazi ya uuguzi Dallas, walihamia Cedar Hill, na Twalibu akafungua studio ndani ya kabati la nguo, katikati ya makoti. Kila Jumamosi asubuhi alikuwa hewani kupitia mtandao. Wasikilizaji walimpenda, ila walimwogopa. Ukipiga simu ukasema wimbo ni wa mwaka sabini na mbili, atakwambia ni wa sabini na nne, mwezi Machi, tena mpiga tumba siku hiyo alikuwa na mafua.

Pembeni alikuwa mwigizaji. Uingereza aliigiza mara tano: dereva teksi mara mbili, balozi asiye na la kusema mara moja, na maiti mara mbili.

"Mwongozaji mmoja aliniambia hajaona mtu anayelala kama mimi," alijisifu.

"Hata mimi sijaona," Ndeshi alijibu, "hasa vyombo vikiwa havijaoshwa."

Kwa hiyo Moraa, binti wa Kikenya aliyekuwa akitengeneza filamu yake ya kwanza Houston, alipompigia kumwomba awe marehemu, Twalibu alipiga pasi suti yake nyeusi na kuendesha gari saa nne bila kupumzika.

Walikutana kwenye ukumbi wa kanisa. Waombolezaji walikuwa waumini wa pale pale, na aliyewapita wote kwa kilio ni Mama Clothilde, bibi wa Kikongo wa miaka sabini na kitu.

"Mzee, usipumue na tumbo, please," Moraa alimwelekeza. "Kazi yako ni kulala tu."

"Mwanangu, mimi nimeanza kufa wewe ukiwa shule."

Akaingia kwenye jeneza, akatulia kama gogo. Kamera ikawaka. Elphas, aliyeigiza mtoto wa kwanza wa marehemu, akasimama kando yake na kusema kwa huzuni: "Baba aliupenda wimbo huu. Gita hili alilipiga Dady Mokili mwenyewe."

Muziki ukaanza. Twalibu alijikaza. Alijaribu kufikiria mambo mengine, kodi ya nyumba, goti lake bovu. Lakini gita lilipopanda, kope zikaanza kumcheza, na kabla hajajijua alikuwa ameketi wima ndani ya jeneza.

"Si Dady! Ni Edson Kabeya! Dady hakukanyaga studio siku hiyo!"

Elphas alijua fika kwamba ile ni filamu. Hata hivyo walimkuta kwenye maegesho ya magari.

"Cut!" Moraa alipiga kelele. "Mzee, si umekufa!"

"Nimekufa, sijawa kiziwi."

Hapo Mama Clothilde akainuka, akaja taratibu hadi kwenye jeneza. "Papa, wewe unamjua Edson? Edson ni kaka yangu."

Twalibu akamshika mkono. "Mama, nimemtaja hewani miaka yote hii, watu wamjue."

"Merci, papa. Lakini umekosea. Siku ile kidole yake ilivimba. Ile gita nilipiga mie. Bwana wa studio akasema jina la mwanamke haliwezi kuuza sahani ya muziki, wakaandika Dady."

Mtu akaleta gita la kwaya. Mama Clothilde akaweka sawa nyuzi zake, akalalamika kidogo juu ya vidole vyake, kisha akapiga kipande kile kile mwanzo hadi mwisho. Twalibu, bado jenezani, alisikiliza mdomo wazi, kisha akaomba kalamu.

Walipoirudia ile sehemu, marehemu alitabasamu. Wakajaribu mara nne, tabasamu halikumtoka usoni. Moraa akachoka, akasema basi, kuna watu hufa wakiwa na furaha.

Jumamosi iliyofuata Mama Clothilde alizungumza kwa simu kwenye kipindi saa mbili nzima, akitaja nyimbo nyingine sita alizopiga. Kisha Twalibu akavuta pumzi na kuwaomba wasikilizaji radhi: kwa zaidi ya miaka ishirini na mbili, alikuwa akikosea.

Simu ya studio ikaita mara moja. Ilitokea jikoni.

"Naitwa Ndeshi, napiga kutoka Cedar Hill," sauti ilisema. "Naomba mtangazaji arudie hapo mwisho. Sikusikia vizuri."