Nyumba za Nyuma ya Jiko

Jumamosi ya kwanza ya Agosti, mwaka 1997, Nyanjige alikuwa anaanika michembe ya viazi juu ya bati chakavu nyuma ya jiko lake, mtaa wa Somanda, Bariadi, alipoona kona ya msingi imejengwa kwenye kiwanja chake. Ilikuwa kazi nzuri. Mawe yamepangwa sawasawa, saruji imeshakauka. Jana yake jioni pale palikuwa na majani na mbuzi wa jirani.

Alimaliza kwanza kutandaza viazi vyake, maana jua la asubuhi halingojei mtu, kisha akaingia ndani kumwamsha mumewe.

"Masele, umeita fundi?"

"Fundi wa nini?"

"Kuna msingi nje."

Masele alitoka amejifunga shuka kiunoni. Aliuzunguka ule msingi, akainama, akaukwangua kwa ukucha.

"Saruji yao ina nguvu," alisema. "Sisi yetu ni mchanga mtupu." Akaenda kutafuta mswaki.

Siku iliyotangulia walikuwa wamelipa rejesho la kwanza la mkopo wa nyumba.

Nyumba yenyewe ilikuwa ya vyumba vitatu na jiko la nje, na waliinunua kwa bwana mmoja wa chama cha ushirika aliyepunguzwa kazi, soko huria lilipoingia na pamba ikaanza kununuliwa na kila mwenye lori na mizani. Masele alikuwa mpima pamba kwenye ginnery ya mtu binafsi, kiwanda cha kuchambua pamba. Nyanjige alikuwa muuguzi mwenye stashahada, na watoto wake walikuwa watatu. Shida yao haikuwa pa kulala. Mwaka mmoja kabla, mwenzake Masele wa kazini alifariki kwenye nyumba ya kupanga, na mwenye nyumba akakataa matanga uani kwake. Maiti ikashinda juu ya mkokoteni mpaka alasiri, watu wakibishana ipelekwe wapi. Kwao Masele, kijijini Sola, ndugu walikuwa wameshagawana mashamba yote. Tangu siku hiyo akawa na neno moja: "Nataka ardhi yangu ya kulala." Walipopata kiwanja, kabla hajakagua hata paa, alitembea nyuma ya jiko, akapiga kisigino kwenye udongo laini penye mti wa mnyaa, akasema, "Hapa."

Pesa waliipata Paa Letu, kampuni ya mikopo iliyofungua ofisi juu ya duka la vipuri karibu na stendi. Afisa mikopo aliitwa Athanasi, kijana wa shati jeupe, mwepesi wa kucheka. Shilingi milioni mbili, miaka ishirini. Masele alimuuliza mkopo unafanyaje kazi, kisha akajijibu mwenyewe. Baba yake, mzee Shigela, alikuwa na ng'ombe wengi kuliko zizi lake, na wengine aliwakabidhi kwa watu wawalishe. Mlishaji anakunywa maziwa. Ndama ni wa mwenye ng'ombe, na mlishaji akiwa mwaminifu hupewa mtamba wake. Ng'ombe akifa, mlishaji anapeleka ngozi kwa mwenyewe na maneno yanaisha. Hakuna aliyewahi kudaiwa ng'ombe aliyekufa.

"Ni hivyo hivyo, ngosha," alisema Athanasi, akimwita mwanamume kwa Kisukuma. "Tofauti ni kwamba maziwa kidogo unatuletea sisi, kila mwezi."

Masele akacheka, akatia saini. Nyanjige naye akatia. Alikuwa mwanamke asiyemchoma mgonjwa sindano kabla hajasoma chupa mbele na nyuma, lakini siku ile alitoka zamu ya usiku, akasoma mstari mmoja tu: rejesho kwa mwezi, elfu arobaini mia tatu arobaini na nane. Alijiuliza kama wataweza. Akaona wataweza, wakifunga mikanda. Hakuuliza kingine, na hilo hakujisamehe kamwe.

Jumatatu baada ya ule msingi alipanda ngazi za Paa Letu akiwa na sare ya kazi.

"Mwangaluka, mayu," Athanasi alimwamkia kwa Kisukuma, kama mtu anavyomwamkia mama yake.

"Nani kajenga nyuma ya jiko langu?"

"Ah, hiyo ni yetu." Alifungua jalada, akamgeuzia jedwali. "Mwezi huu mmelipa elfu arobaini na mia tatu arobaini na nane. Elfu arobaini ni riba. Mia tatu arobaini na nane ndiyo imeingia kwenye nyumba yenu. Sasa zile elfu arobaini lazima zikae mahali."

"Zikae kiwanjani kwangu?"

"Huwa hazipendi kwenda mbali na aliyezitoa."

Nyanjige alichukua kalamu yake, akageuza kadi ya kliniki, akazidisha rejesho kwa miezi mia mbili na arobaini. Alirudia kuzidisha. Ikaja milioni tisa, laki sita na themanini na tatu elfu na ushee.

"Nyumba ya milioni mbili," alisema.

"Lakini hamlipi siku moja, mayu. Mnalipa kidogo kidogo. Kidogo kidogo haiumi."

"Hata sumu ya panya inaua hivyo hivyo. Nikitaka kutoka?"

"Mlete milioni mbili zote, na faini ya kutoka mapema. Na mkikosa miezi mitatu, tunauza."

"Mbona hukusema?"

"Hukuuliza, mayu," alisema Athanasi, bila ubaya wowote.

Basi nyumba ikaendelea kujengwa. Kila mwezi, asubuhi ya baada ya rejesho, tofali ziliongezeka. Mwezi ambao Nyanjige alichelewa kulipa kwa siku nne, yaliongezeka madirisha mawili kwa mpigo, na Athanasi akaeleza kwamba hiyo ni adhabu. Mafundi hawakuonekana. Majirani walikuja kutazama, wakasifu usawa wa kuta, wakauliza saruji imenunuliwa duka gani. Mtendaji wa kata alikuja na daftari, akaandika jengo moja linaloendelea, mwenye kiwanja Masele Shigela, akaacha karatasi ya kodi.

Jirani yao Minza, muuza dagaa, ndiye aliyeongea sana.

"Mama Winnie, unajenga mtaa mzima, na chumvi unakuja kuomba kwangu!"

"Chumvi yako nitairudisha."

"Na riba?"

"Minza, toka uani kwangu."

"Nitokee wapi? Njia umeshaiziba kwa nyumba."

Oktoba 2001 nyumba ya nyuma ilikamilika. Bati nene, mifereji ya maji, vioo madirishani, kufuli mlangoni. Ndani hapakuwa na mtu. Nyanjige alikwenda kuuliza katika ile yao ya mbele wamefikia wapi. Kwa miaka minne na miezi miwili walikuwa wamelipa zaidi ya milioni mbili. Athanasi alipitisha kidole kwenye jedwali na kusema kwamba katika deni lenyewe zimepungua elfu ishirini na tisa.

"Hiyo ni nini kwa nyumba?"

Athanasi alifikiri. "Mlango wa mbele," alisema. "Na bawaba zake."

Novemba ukaja upepo kutoka upande wa Maswa, ukang'oa paa lao lote na kulitupa kwenye shamba la mtama. Ukuta wa chumba cha watoto ulilala. Nyumba ya nyuma haikupoteza hata msumari. Watoto hawakuumia. Winnie, mkubwa wao, aliokota daftari zake kwenye matope, akazianika kwenye mnyaa.

Masele alisimama katikati ya sebule akitazama mawingu. Uso wake ulikuwa umetulia kabisa, na Nyanjige hakupenda ule utulivu.

"Amekufa," alisema Masele.

"Nani?"

"Ng'ombe wao."

Alichukua bisibisi, akaung'oa mlango wa mbele, akaulaza juu ya baiskeli na kuufunga kwa mpira. Nyanjige alimwambia ni upuuzi. Alimwambia mara tatu, kisha akashika mlango upande wa pili usianguke, wakausukuma pamoja mpaka stendi, watu wakiwapisha. Waliupandisha ngazi na kuuegemeza kwenye meza ya Athanasi. Masele alisema kwa sauti ya mtu aliyemaliza kazi:

"Ng'ombe amekufa. Ngozi hii hapa."

Athanasi aliukagua mlango, akagusa bawaba. Alitoa kitabu cha stakabadhi, akaandika: *Mlango mmoja wa mninga, umepokelewa.* Akagonga muhuri.

"Basi tumemalizana," alisema Masele.

"Kwa mlango, ndiyo. Deni bado, ngosha. Mwezi huu hamjalipa."

"Kwetu akifa, unaleta ngozi."

"Kwenu ng'ombe anakufa," alisema Athanasi. "Huyu wetu hafi."

Masele aliangalia mkono wake uliotia saini kana kwamba ni wa mtu mwingine.

Waliezeka upya kwa pesa ya kuuza baiskeli na vitenge vya Nyanjige vya harusi, na mlangoni wakatundika gunia la pamba. Nyuma, nyumba ya pili ilikuwa imeshaanza kupanda, na ilipofika kwenye linta, juu ya madirisha, ilipata mlango. Ulikuwa wa mninga, na chini ulikuwa na herufi W ambayo Winnie aliichonga kwa msumari alipoanza shule.

Ya pili ilikamilika mwanzoni mwa 2006. Ya tatu ilikamilika 2010. Sasa kwenda chooni Nyanjige alipita ubavu ubavu kati ya kuta mbili, na michembe aliianika mbele ya nyumba, barabarani, bodaboda zikiipulizia vumbi. Katika deni la milioni mbili ilikuwa imebaki milioni moja na laki sita.

Masele alikuwa ameanza kukohoa. Alikaa kwenye kigoda, macho kwenye mahali palipobaki wazi penye mnyaa, na kila mwisho wa mwezi alimuuliza mkewe swali moja.

"Umeshapeleka?"

"Nimepeleka."

"Ungengoja kidogo."

"Ningengoja wangeuza, na wewe ungezikwa juu ya mkokoteni."

Msingi wa nyumba ya nne ulianza mwaka ule ule, na ulipofunga pembe zake nne, ule mnyaa ulikuwa katikati ya chumba. Masele alifariki Februari 2011, alfajiri, mvua ikinyesha. Hapakuwa na ardhi nyingine. Walimzika pale alipopiga kisigino, ndani ya msingi, na waombolezaji walikaa juu ya mawe kama kwenye mabenchi. Mchungaji alisoma akiwa amesimama mahali ambapo baadaye palikuja kuwa mlango.

Athanasi alifika msibani. Alikuwa na kitambi sasa, na pikipiki. Alimpa Nyanjige rambirambi ya elfu tano kwa mikono miwili.

"Pole sana, mayu. Mzee alikuwa mtu wa kulipa."

"Mwenye mkopo amekufa."

"Mlitia saini wawili."

Nyanjige aliikunja ile elfu tano. Mwisho wa mwezi aliipeleka Paa Letu pamoja na nyingine, ikahesabiwa, na asubuhi yake ukuta uliozunguka kaburi ulikuwa umepanda kozi moja ya tofali.

Alilipa kwa mshahara, na alipostaafu alilipa kwa kiinua mgongo. Alijua anachofanya. Kila rejesho lilimfungia mumewe upande mmoja, na akikosa, nyumba ingeuzwa na kumfungia pande zote. Mwaka 2012 mkoa mpya ulipoanzishwa, wageni walijaa Bariadi wakitafuta nyumba, na Paa Letu wakapangisha zile tatu kwa bei nzuri. Wapangaji walikuwa watu wa adabu. Walimwamkia Nyanjige asubuhi na kumwomba wasianikiwe nguo mbele ya madirisha. Nyumba ya nne ilipata kufuli. Akitaka kufagia kaburi alipanda ngazi za ofisi, akaandika jina kwenye daftari la funguo, na kwenye safu ya sababu akaandika, *Kumwona mume wangu.*

Mwisho wa Julai 2017 alilipa rejesho la mia mbili na arobaini. Athanasi, mvi zimemjaa, alimletea hati mwenyewe mpaka nyumbani, akapewa kikombe cha maji. Wakatazama pamoja nyuma ya jiko: nyumba tatu zenye mapazia ya watu, na ya nne kuta zimekamilika, juu wazi.

"Hongera, mayu. Wengi hawafiki."

"Na hizo?"

"Hizo ni za kampuni. Hati yako ni ya ile ya mbele." Aliinua macho mawinguni. "Ila ya nne imebaki paa tu. Riba yako imeishia kwenye linta. Kuna mkopo mdogo wa kumalizia, miaka mitano. Mzee asinyeshewe. Kwa mwezi ni kidogo sana."

"Sijakuuliza ya mwezi," alisema Nyanjige. "Yote ni kiasi gani?"

Athanasi alitoa simu, akapiga hesabu, akamwonyesha. Nyanjige alisoma tarakimu zote, moja moja, kama anavyosoma chupa.

"Kunywa maji yako uende."

Mvua ilianza Oktoba. Asubuhi moja, wapangaji wakiwa kazini, Nyanjige alichukua lile bati chakavu la michembe, akaegemeza ngazi kwenye ukuta wa nyumba ya nne, akalisukuma juu mpaka likadondokea ndani. Lilidondoka vizuri, juu ya kaburi, upande wa kichwa. Alisikia matone yakibadilika sauti, yakigonga bati badala ya udongo, akakaa kwenye ngazi akiyasikiliza mpaka khanga yake ilipolowa.

Wiki ile ile akaja mkaguzi wa Paa Letu, binti mmoja anayeitwa Milembe, mwenye stashahada kama yeye. Alifungua kufuli, akazunguka ndani na orodha yake, akatoka. Alimwamkia Nyanjige kwa heshima zote, akamkabidhi karatasi yenye muhuri.

*Bati moja chakavu, limepokelewa.*

Nyanjige aliiweka kwenye bahasha ya hati, pamoja na ile ya mlango, akaenda kumenya viazi. Safari hii aliianika michembe chini, juu ya gunia.