Mvua ya Ruiru

Zainab wa Makongeni, mjini Thika, alitaka harusi ya bintiye Ruqayya iwe Aprili, mwezi alioolewa yeye mwenyewe. Ruqayya aliogopa mvua, maana wageni wangekaa uani. Walibishana mpaka Ruqayya akampeleka mamake Juja kwa rafiki yake Ndila, karani wa ofisi iliyotunza rekodi za mvua.

Zamani, ukitaka kujua lolote katika faili zile, ulimngoja fundi akuandikie maagizo kwenye kompyuta, naye aliandika akipata nafasi. Mwaka huo wa tisini na sita, ofisi ilikuwa imepata programu mpya. Ndila alifungua faili, na miaka yote ikatokea kwenye skrini, kila siku na mvua yake.

"Mama, shika hii kipanya. Bonyeza hapo juu, penye imeandikwa Thika."

Zainab, fundi wa kushona, alibonyeza kama mtu anayejaribu pasi ya moto. Mistari ikajipanga upya, siku za mvua kubwa zikapanda juu. Nyingi zilikuwa za Aprili.

"Haya, nimeshindwa," alisema. "Tuweke Agosti."

Lakini kipanya hakukiachia.

"Naweza kuona siku ya harusi yangu?"

Ndila akamwonyesha pa kuchagua mwaka na tarehe. Siku ile, mwaka wa sabini na mbili, bwana harusi Hassan alitoka Ruiru akafika jua likizama, akidai mvua ilimfungia njia. Makongeni hakukuwa na hata wingu. Tangu hapo Zainab alimtania mbele za watu kwamba mvua ya Hassan humnyeshea yeye peke yake.

Thika: sufuri. Ruiru: milimita themanini.

Zainab aliitazama ile namba. Kisha akacheka mpaka akafuta machozi kwa ncha ya leso.

Jioni alimkuta mumewe akinywa chai.

"Baba Ruqayya, siku ya harusi yetu ilinyesha kweli. Huko Ruiru."

Hassan aliweka kikombe chini. "Si nilikuambia?"

"Uliniambia. Nisamehe."

"Sasa umeambiwa na nani?"

"Sikuambiwa. Nimejionea kwa kompyuta, nikibonyeza kwa mkono wangu huu."

Hassan alitabasamu, akainuka, akachukua kofia yake.

"Unaenda wapi na chai haijaisha?"

"Kwa jirani Waweru. Huyo ndiye amenicheka kuliko wote."

"Ngoja nivae viatu," Zainab alisema. "Nitamwambia mwenyewe."