Lisiwe Jeupe

Jumamosi tarehe 15 Juni 2024, saa nne na dakika tano asubuhi, Bibi Kija alivua kitenge alichojitanda, akakikunja mara nne, akakiweka mapajani na kukaa mabega wazi. Sebule ile ya Kiseke, Mwanza, ilikuwa na watu kumi na mmoja. Wote walinyamaza, kwa sababu kuvuliwa kwa kitenge kulikuwa ishara kwamba mshenga alete blanketi.

Mshenga nilikuwa mimi. Naitwa Nathaniel, ni Mhaya, na nimefundisha Kiingereza sekondari kwa miaka ishirini na saba. Mpwa wangu Pius alitaka kumwoa Selina, mjukuu wa Bibi Kija. Baba yake Pius alishafariki, kwa hiyo kazi ya kusema kwa niaba yake ilikuwa ya mjomba. Ng'ombe walikwisha kukubaliwa mwezi Machi. Siku hiyo tulipeleka vitu vidogo vilivyoandikwa katika barua ya upande wa bibi harusi, na vikikamilika tungepewa tarehe ya harusi. Vilikuwa sita. Vitano nilivileta kama vilivyoandikwa. Cha nne kiliandikwa hivi: "Blanketi la bibi, moja, zito, lisiwe jeupe."

Jumatano ya wiki ile nilikuwa nimekwenda Mirongo, dukani kwa Zakia, anayeuza mashuka, mapazia na mablanketi. Kwenye rafu ya juu niliona duveti la manyoya, jeupe, ndani ya mfuko wenye zipu.

"Hilo ndilo duveti," nikamwambia. "Hayo mengine uliyobandika jina la duveti si maduveti."

"Mwalimu, hapa Mwanza duveti ni seti. Shuka moja, foronya mbili, na lenyewe."

"Hapo ndipo mnapokosea. Neno lenyewe Waingereza walilichukua kwa Wafaransa, na maana yake ni manyoya laini ya ndege. Ni mfuko uliojazwa manyoya, unavalishwa foronya kubwa inayovuliwa na kufuliwa. Seti yenu ni pamba iliyoshonewa kati ya vitambaa viwili."

"Haya. La nani sasa?"

"La bibi. La mahari."

Zakia akaacha kukunja shuka. "Wasukuma?"

"Ndiyo."

"Basi huyo bibi anataka blanketi. Nimewauzia hayo mablanketi ya bibi miaka kumi na miwili, mwalimu. Hakuna hata mmoja aliyekuja kutaka mfuko wa manyoya ya kuku."

"Ya bata," nikasema.

Nililichukua. Hoja yangu ilikuwa hii: duveti linapasha joto kuliko blanketi, na ni jepesi kwa mwili wa mzee wa miaka sabini na nane. Kuhusu lile sharti la rangi, niliamua kwamba wamekataa nyeupe kwa sababu inashika uchafu. Foronya ya duveti inavuliwa na kufuliwa. Kwa hiyo sababu ya sharti haipo tena, na sharti lenyewe limekufa. Sikumuuliza mtu yeyote kama sababu niliyoipata ndiyo sababu yao. Barua ilikuwa na namba ya simu chini.

Sasa Bibi Kija alikuwa amekaa mbele yangu. Blauzi yake haikuwa na mikono, na upepo wa ziwa ulikuwa ukiingia mlangoni. Nilifungua zipu. Kabla sijamfunika niliona ni vyema nieleze nilicholeta, wasije wakadhani ni lile la seti.

"Wazee wangu," nilisema, "katika barua yenu mliandika blanketi. Sisi tumevuka hapo. Hili linaitwa duveti. Neno hili watu wengi wanalitumia vibaya—"

Nikaeleza matumizi yake. Nikaeleza kwamba anayelala nalo hahitaji shuka la juu. Nikawaonyesha vifungo vya foronya, kimoja kimoja.

Dorcas, shangazi wa Selina, alikuwa amekaa kwenye mkeka karibu na mlango wa ndani. "Mshenga," akasema, "tumekuja kwenye mahari au tumekuja kufanya mtihani wa kidato cha nne?"

Watu wakacheka. Mtu mmoja nyuma akasema, "Mwacheni Mhaya amwage Kiingereza chake, tukimkatiza atavimba."

"Kikimwagika tutazoa kwa beseni," Dorcas akasema. "Mshenga, bibi anapigwa na baridi."

Hilo lilikuwa kweli. Nilikuwa nimezungumza kwa dakika sita, na kwa dakika zote sita yule mzee alikuwa mabega wazi. Nikamwekea duveti mabegani. Likateleza likaangukia nyuma ya kiti. Nikaliokota nikamwekea tena, likateleza upande wa kulia. Blanketi lina uzito, linakaa lilipowekwa. Lile halikuwa na uzito. Kicheko kilikuwa bado kinaendelea, na mimi nilitaka kumaliza. Nikalichomeka kati ya mgongo wake na kiti, nikalivuta mbele, nikalipandisha mpaka kidevuni. Vidole vyangu vilisawazisha kingo huku na huku, kama mtu anayetandika kitanda. Miguu yake nayo ikafunikwa.

Kicheko kilikoma chote mara moja. Bibi Kija alinitazama kutoka ndani ya weupe ule.

"Mwalimu," akasema, "mimi bado napumua."

Akalisukuma kwa mikono miwili, likaanguka sakafuni. Akasimama. Hakukikunjua kitenge, alikishika mkononi, akapita pazia kuingia ndani, mabega yake wazi hivyohivyo. Nyuma ya pazia nilisikia sauti ya Selina ikisema, "Bibi," kisha mlango ukafungwa.

Mzee Shimba, mdogo wake Bibi Kija, ndiye aliyekuwa na karatasi yenye orodha. Aliweka alama ya vema kwenye namba moja, mbili, tatu, tano na sita. Akafunika kalamu.

"Namba nne haijaletwa," akasema. "Tarehe hatuna."

"Mzee wangu, naomba nieleze—"

"Usieleze." Akanyanyuka. "Njoo nje."

Tulisimama nyuma ya nyumba, kwenye jiwe kubwa wanaloanikia dagaa. Mzee Shimba aliongea kwa sauti ya kawaida, macho yake kwenye dagaa. Mama yake Selina aliitwa Rose. Alifariki mwaka 1999, siku kumi na moja baada ya kujifungua. Aliletwa nyumbani kutoka hospitali akiwa amefunikwa shuka jeupe lisilo lake. Bibi Kija alikuwa na blanketi moja, la kahawia. Alisema mwanawe hawezi kwenda ndani ya nguo ya watu, akaliondoa lile shuka, akamzungushia blanketi lake, na likaenda naye kaburini. Selina akalelewa ndani ya vitenge.

"Toka hapo dada hajalala na blanketi," Mzee Shimba akasema. "Selina alipoanza kazi alimnunulia. Alilikataa. Alisema blanketi ataletewa na watu watakaokuja kumchukua mtoto. Barua yote nimeandika mimi, isipokuwa mstari wa nne. Huo ni wake."

Nilihesabu: miaka ishirini na mitano. Nikasema, "Sikujua."

"Uliambiwa lisiwe jeupe. Kulikuwa na kingine cha kujua?"

Kwa miaka ishirini na saba nimewaambia wanafunzi wangu jambo moja kabla ya kila mtihani: jibu swali lililoulizwa, si lile unalolitaka wewe. Nimewanyima watoto alama kwa kosa hilo, na wengine walikuwa na majibu mazuri.

Dorcas alitoka akasimama mlangoni. Utani ulikuwa umemtoka usoni. "Bibi amesema kama mnalileta, liletwe leo," alisema. "Na mimi naongeza langu. Kwetu mshenga aliyevunja neno haleti kitu kwenye mfuko. Utashuka kwenye gari barabara ya lami. Utajifunika hilo blanketi mwenyewe, uje kwa miguu mpaka hapa, watu wakuone."

"Nitakuja," nikasema.

Pius alikuwa akisubiri ndani ya gari, kwa sababu bwana harusi haingii kwenye mazungumzo. Aliona uso wangu, akawasha gari bila kuuliza. Alivumilia mpaka tukaingia barabara kuu.

"Mjomba, imeshindikana?"

"Namba nne."

"Si iliandikwa lisiwe jeupe?"

"Iliandikwa."

"Uliisoma?"

"Niliisoma."

Akaongeza mwendo mpaka Mirongo.

Zakia alituona tunaingia, akashusha mablanketi matatu kabla sijafungua mdomo: la kahawia, la bluu lenye miraba, na jekundu. Nilimwomba Pius apige simu kwa Selina aulize. Alipokata simu akasema, "La kahawia." Zakia akalipima kwa mikono. "Hili ni zito," akasema, "litakaa."

Saa nane na robo mchana nilishuka kwenye lami ya Kiseke. Kutoka pale hadi nyumbani kwa Bibi Kija ni kama mita mia sita, za kupanda, njia inazunguka mawe. Jua lilikuwa kali na upepo wa asubuhi ulikwisha. Nilijifunika blanketi juu ya koti la suti, nikalishika kifuani kwa mkono mmoja.

Watoto wa kwanza niliwakuta bombani. "Babu ana homa!" mmoja akapiga kelele. "Babu, nenda ukapime malaria!" Walinifuata. Kwenye genge la nyanya mwanamke mmoja kijana alisimama akatazama vizuri.

"Mwalimu Nathaniel! Shikamoo!"

"Marahaba."

"Mimi Precious, ulinifundisha kidato cha tatu. Mwalimu, unaumwa?"

"Siumwi, Precious."

"Sasa hilo blanketi, na jua lote hili?"

"Nilipeleka jingine ambalo sikuagizwa."

Alisubiri niendelee kueleza. Ndivyo nilivyomzoesha. Niliendelea kupanda. Jasho lilikuwa limefika machoni na sikuwa na mkono wa kulifuta, kwa sababu wa pili ulikuwa umeshikilia pindo la blanketi lisiburuzwe mavumbini.

Watu wote wa asubuhi walikuwa uani. Dorcas alinitazama kuanzia kichwani hadi viatuni, akaingia ndani, akarudi amemshika Bibi Kija mkono. Kiti kilekile kilikuwa kimetolewa nje. Bibi alikaa. Akavua kitenge, akakikunja mara nne, akakiweka mapajani.

Nilipiga magoti, jambo ambalo asubuhi sikulifanya. Nikalivua blanketi, nikamzungushia mabegani. Halikuteleza. Upande niliokuwa nimeushika kifuani ulikuwa umelowa jasho langu, na niliona mkono wake ukipita pale ukasimama.

"Sema," Dorcas akaniambia.

"Bibi, blanketi lako."

Nilikuwa na maneno mengine ya kuomba radhi. Nilikuwa nimeyapanga tangu Mirongo. Sikuyasema.

Bibi Kija alilivuta likamfika shingoni, akalipitisha chini ya kwapa, akalifunga fundo mbele kama mtu anayetaka kubeba mtoto. Akatazama mlango. Selina alikuwa amesimama mlangoni. Hakuna aliyemwita, lakini alikuja, akakaa chini karibu na miguu ya bibi yake, akaegemeza kichwa kwenye blanketi.

"Limefika," Bibi Kija akasema.

Mzee Shimba alitoa karatasi mfukoni, akaiweka juu ya goti, akaweka alama ya vema kwenye namba nne. Chini yake akaandika tarehe: Jumamosi, 24 Agosti. Alinipa niisome. Niliisoma neno kwa neno kabla ya kuirudisha.

Saa kumi kasoro dakika tano, tulipokuwa tukiaga, Dorcas alitoka ndani na duveti. Lilikuwa limekunjwa vizuri na kurudishwa ndani ya mfuko wake, vifungo vyote vya foronya vimefungwa, zipu imefungwa hadi mwisho. Nilinyoosha mikono yote miwili nikalipokea.