Mtu wa Mwisho Mstarini

"Mzee Elipidius, cheti cha mgambo kiko wapi?" aliuliza afisa katika ofisi ya kijiji, Isingiro.

"Mchwa walikula, mwanangu."

Babu yangu alizaliwa ng'ambo ya mpaka, lakini mwaka 1978 aliulinda pamoja na mgambo wa hapa. Bila ushahidi, ombi lake la uraia lingerudishwa, na wenzake wote walikuwa wameshafariki.

"Basi nitawaita," alisema. Akasimama wima, akataja majina kumi na moja kwa mpangilio wa gwaride. La kumi na mbili, la aliyesimama kabla yake mwishoni mwa mstari, likampotea.

Mimi nililijua, kwani Babu huyataja kila jioni tukimenya ndizi. Nilitazama chini nikasema, "Cleophace Rwegasira."

"Huyo ni marehemu mume wangu!" alisema bibi mmoja kwenye foleni.

Afisa akamgeukia. "Mama, nani alisimama baada yake?"

"Kijana mmoja wa ng'ambo, mwembamba. Niliwapelekea ndizi wiki nzima. Wote walishukuru, isipokuwa yeye."

"Nilikuwa sijui Kiswahili," alisema Babu.

Afisa alicheka, akamsogezea bibi karatasi aweke dole gumba kama shahidi.

"Asante kwa ndizi, shemeji," Babu akamwambia.