Salamu ya Watu wa Filamu

Kuna kuchoka, halafu kuna kuchoka kwa Isamu Kurimoto. Siku nzima alishinda kwenye chumba cha kurekodia sauti, maana filamu zao za watu wazima zilipigwa picha bila sauti, kisha waigizaji wakaitwa kujazia maneno na miguno huku wakijitazama kwenye picha iliyoangazwa ukutani. Mtu mzima na mvi zake, anaigunia maikrofoni mpaka koo linakauka, na fundi anamwambia, "Mzee, rudia. Hapo umesikika kama unapandisha friji ngazi." Wenzake wakacheka. Yeye hata kucheka aliona kazi.

Jioni ile alitakiwa kwa wakwe. Binti yake Chizuru, aliyemlea peke yake tangu mkewe afariki, alikuwa anaolewa na kijana wa akina Hanawa, watengeneza tofu, ile jibini ya soya, wa mtaa wa Senju. Wazee hao waliambiwa kwamba Isamu anauza mabomba. Uongo huo aliutunga mwenyewe.

"Posa ikivunjika kwa ajili yangu, sitajisamehe," alimwambia bintiye.

Basi akafika, akavua viatu mlangoni, akainama kwa heshima zote, na mdomo ukamponyoka:

"Habari za asubuhi!"

Jua lilishazama. Jamani, watu wa filamu ndivyo wanavyosalimiana, iwe alfajiri, iwe usiku, na mazoea hayaulizi saa.

Bi Hanawa akabaki na birika mkononi. "Asubuhi? Baba Chizuru, mabomba gani hayo yanayomsahaulisha mtu jua?" Kisha akamkazia macho. "Marehemu dada yangu alikuwa akishona mavazi studio ya filamu. Naye alikuwa akiingia hapa usiku na "asubuhi" zake hizo hizo. Wewe ni mtu wa filamu. Filamu zipi?"

Isamu akatafuta uongo mwingine, asiupate. Alikuwa amechoka hata kudanganya.

"Za watu wazima," akajibu Chizuru, aliyetangulia kufika. Kichwa hakuinamisha. "Ndizo zilizonilea. Mkitaka kuvunja posa, vunjeni. Baba yangu simkani."

Isamu alitamani ardhi ipasuke immeze. Mzee Hanawa naye alikuwa akichungulia kikombe chake kana kwamba kimeingia nywele. Bila shaka mbili tatu alishaziona, mzee yule, na sasa anaomba asiulizwe.

Bi Hanawa akaweka birika chini. Akasukuma mto wa kukalia hadi miguuni pa Isamu.

"Na sauti hiyo imekukaukia kazini?"

"Ndiyo, mama."

"Haya, kaa." Akammiminia sake, pombe ya mchele. "Pole na kazi, mkwe."

Pole hiyo huko studio watu huambiana kila siku wakizima taa. Kwenye nyumba ya watu, tangu aanze kazi ile, hakuna aliyewahi kumwambia. Isamu akakaa, akakishika kikombe kwa mikono miwili, akashindwa kunywa kwa machozi.